Ugali Wenye Madonge: Jinsi Kicheko Kilivyoingia Jikoni, Kutoka Ruiru hadi Thika

Wanaume wa Kenya walipika kwa mshahara muda mrefu kabla hawajakubali kupika nyumbani kwao. Elspeth Huxley, ambaye wazazi wake walikuja Thika kulima kahawa miaka michache kabla ya Vita vya Kwanza vya Dunia, alimtaja mpishi wao, Juma, katika kitabu chake The Flame Trees of Thika cha mwaka 1959. Katika nyumba nyingi za walowezi, sufuria zilikuwa chini ya mikono ya mwanamume. Mwanamume huyo akirudi kwake, mwiko ulikuwa wa mke.

Mwaka 1928, kina mama wa Kanisa la St Andrew's, Nairobi, walichapisha The Kenya Settlers' Cookery Book and Household Guide, kitabu cha mapishi kwa walowezi, chenye sehemu ya Kiswahili ya kumpa mpishi maagizo. Chemsha. Koroga. Osha. Naanza na kitabu hicho kwa sababu sauti yake ilidumu kuliko walowezi wenyewe. Kwa miaka mingi aliyefundishwa kupika katika nchi hii aliagizwa, na aliyeunguza aligombezwa. Msichana alijifunza kwa mama yake huku akiogopa kuaibishwa siku atakapoolewa; mvulana alifukuzwa jikoni kabisa.

Shule ilijaribu kubadilisha mambo. Mfumo wa 8-4-4 ulipoanza mwaka 1985, sayansi kimu iliingia darasani, na wavulana kwa wasichana wakakaa dawati moja wakisoma vyakula, usafi na ushonaji. Mtaala ulipopunguzwa mwaka 2002, somo hilo likaondolewa shule za msingi. Naamini hasara yake haikupimwa ipasavyo. Kijana aliyetoka shule ya bweni, alikopakuliwa githeri kwa miaka minne, aliingia chuo kikuu akiwa na alama nzuri za hesabu na hajui chumvi huingia lini.

Kijana huyo ndiye aliyeijaza barabara ya Thika. Barabara kuu mpya ilifunguliwa rasmi Novemba 2012, na magorofa ya kupangisha yakachipuka pande zote mbili. Sensa ya 2009 ilihesabu watu 238,858 mjini Ruiru. Ile ya 2019 ikahesabu 490,120. Miongoni mwao wako wapangaji wengi wa bedsita, chumba kimoja ambamo kitanda, meza na jiko vinatazamana. Katikati ya Ruiru na Thika iko Juja na chuo kikuu cha JKUAT. Thika kwenyewe kuna Mount Kenya University. Mwanafunzi wa huko hana mama wala dada wa kumpikia, na akila kibandani kila siku, pesa za matumizi huisha mapema.

Jambo la pili lililomsukuma kijana huyo kupika lilikuwa gesi. Kanuni za mwaka 2009 zililazimisha mitungi kutumia vali za aina moja, ili mtu aweze kubadilisha mtungi wa kampuni moja kwa wa nyingine. Mwaka 2016 serikali iliondoa kodi ya VAT kwenye gesi, na mwaka 2018 mafuta ya taa yakaongezewa ushuru wa shilingi 18 kwa lita. Stovu ya utambi ikaanza kuachwa, mtungi wa kilo 6 ukawa fanicha ya bedsita. Gesi humsaidia asiyejua kupika: moto wake hupunguzwa kwa kuzungusha kitufe, na mtu anaweza kuuzima mara moja mambo yanapoharibika.

Kisha zikaja simu. Nyaya za intaneti za chini ya bahari zilifika Mombasa mwaka 2009, simu janja za bei nafuu zikafuata, na bando za shilingi chache zikampa mwanafunzi mwalimu ambaye angemsimamisha na kumrudisha nyuma apendavyo. Huko Marekani mwalimu wa mapishi anayekosea mbele ya kamera alikuwa amekwisha kuonekana. Julia Child, aliyeanza kipindi chake cha televisheni mjini Boston mwaka 1963, aliwahi kurusha chapati ya viazi ikamwagika jikoni mbele ya kamera. Aliizoa, akairudisha kwenye kikaango, akawaambia watazamaji kwamba wakiwa peke yao jikoni hakuna atakayejua. Machi 2011 Hannah Hart alijirekodi akitengeneza mkate wa jibini wa kukaanga, akagundua hana jibini. Video hiyo, aliyomfanyia rafiki yake, ikazaa kipindi cha My Drunk Kitchen. Baadaye ikaja You Suck at Cooking, ya mtu asiyeonyesha uso, mikono tu, akifundisha mapishi halisi katikati ya upuuzi. Somo la wote watatu lilikuwa moja: kosa linaonyeshwa, halifichwi.

Kwetu kicheko kilikuwa tayari, kikisubiri chakula. Wanafunzi wa JKUAT ndio waliounda kundi la vichekesho la Crazy Kennar, yaani Kennedy Odhiambo na wenzake, wakitumia maisha ya kila siku kama jukwaa lao. Waliothibitisha kwamba chumba cha kupangisha kinatosha kuwa studio ni watu kama hao.

Kwa upande wa mapishi, jina ambalo kila mtu hulitaja ni Dennis Ombachi. Novemba 2015 mjini Johannesburg, Ombachi alifunga bao la mwisho lililoipa Kenya ushindi wa 21-17 dhidi ya Zimbabwe na tiketi ya raga ya wachezaji saba katika Olimpiki ya Rio. Miaka michache baadaye mchezaji huyo mwenye misuli alikuwa akikata vitunguu mbele ya simu, akiahidi mapishi ya haraka, rahisi, bila hadithi ndefu. Yeye si mchekeshaji kwa kazi, lakini kasi yake na uchangamfu wake viliwafanya vijana wengi wa kiume washike kisu bila kujiona wamepungukiwa. Nalithamini jambo hilo kuliko medali.

Tazama basi video ya kawaida ya namna hii inavyokwenda. Simu imeegemezwa kwenye pakiti ya unga. Maji yanachemka, unga unamiminwa wote kwa mkupuo, na madonge yanatokea kabla mwiko haujapatikana. Mwenye video anapiga kelele, anamlaumu jirani, anacheka. Halafu anaanza upya: unga kidogo kidogo, moto unapunguzwa, mwiko unakandamiza ugali kwenye ukuta wa sufuria, kisha unafunikwa dakika kadhaa uive. Mtazamaji ameliona donge likizaliwa. Hakuna kitabu cha mapishi ninachokijua kinachomwonyesha hilo.

Kuna jambo linaloniudhi, nami nalisema waziwazi. Wapo wanaomwaga chakula makusudi ili watu wacheke. Nchi hii mwaka 2017 ilipanga foleni kununua unga wa ruzuku wa shilingi 90 kwa kilo mbili, na mwaka 2022 bei ikapita shilingi 200. Kumwaga unga mbele ya watu waliopanga foleni hizo ni ukatili, hata kama kicheko ni kikubwa. Walio hodari hula walichokiharibu, tena mbele ya kamera.

Historia ya nishati inaonekana pia katika kile kisichofundishwa. Githeri, chakula cha nyumbani Kiambu nzima, hakipatikani mara nyingi katika video hizi kuanzia nafaka kavu, kwa sababu mahindi na maharagwe huchemka kwa saa kadhaa na mtungi wa kilo 6 hauwezi kubeba gharama hiyo. Mapishi huanzia mahali pengine: sokoni, kwa mama aliyechemsha debe zima kwa kuni na anayekupimia kwa kikombe. Unarudi nayo kwenye mfuko, unakaanga kitunguu, nyanya na hoho, unamimina, na baada ya robo saa umeshiba.