Pensheni ya Marehemu ni ya Nani?

Mtumishi wa serikali akifa, hata matanga hayajaondolewa, ndugu huanza kuulizana: nani atakwenda kuidai pensheni yake?

Zamani jibu lilitoka katika ukoo. Kwa Wabemba wa Katanga, wanaofuata ukoo wa mama, mrithi alikuwa ndugu wa marehemu ama mpwa wake, mtoto wa dada. Watoto wake mwenyewe walihesabiwa ukoo mwingine. Desturi hiyo ilikuwa na maana yake: aliyepokea mali alipokea pia mzigo wa kumtunza mjane. Lakini mshahara wa mjini ulileta shida. Wako waliochukua mali, mzigo wakauacha.

Sheria ya Jamaa ya Kongo, ya tarehe 1 Agosti 1987, iligeuza utaratibu. Watoto wanapata robo tatu za urithi. Robo inayobaki ni ya mjane, wazazi na ndugu wa marehemu.

Hata hivyo tusichanganye mambo mawili. Urithi ni mali aliyoiacha marehemu. Pensheni ya waliofiwa ni haki nyingine, iliyowekwa kwa ajili ya mjane na yatima, maana kazi ya marehemu ndiyo iliyowalisha. Kaka yake hawezi kuidai kwa jina la ukoo tu. Akiwa mlezi wa yatima, anaipokea kwa jina lao.

Basi, mwenye mke aandikishe ndoa yake ya desturi serikalini, na watoto wake vilevile, angali hai. Ofisini machozi hayasomwi; husomwa barua.