Kaneshini katika bustani za Jinja na Mbale

Ua la kaneshini, ambalo Waarabu huliita kwa jina moja na karafuu kwa sababu ya harufu yake, asili yake ni nchi zinazoizunguka Bahari ya Mediterania. Huko hupata udongo wenye chokaa, jua la kutosha, hewa kavu na usiku wa baridi. Anayetaka kulipanda mashariki mwa Uganda hana budi kufahamu kwamba, kati ya mambo hayo manne, Jinja na Mbale zina moja tu kwa hakika, nalo ni jua.

Miji yote miwili imo katika mwinuko wa takriban mita 1,100 hadi 1,200. Mchana joto hufikia nyuzi 28 za Selsiasi mara kwa mara, na usiku hushuka hadi 17 au karibu na hapo. Kaneshini hupendelea usiku wa nyuzi 10 hadi 13. Usiku ukiwa na joto, mmea hutumia kwa kupumua sehemu kubwa ya sukari uliyoitengeneza mchana. Shina huwa jembamba, tumba huwa dogo na ua huisha upesi. Ndiyo sababu mashamba makubwa ya kaneshini nchini Kenya yalianzishwa Naivasha, zaidi ya mita 1,800 juu ya usawa wa bahari, ambako kampuni ya Sulmac ilihesabiwa wakati wake miongoni mwa wakulima wakubwa kabisa wa ua hilo duniani. Wakulima wa Uganda walioanza kuuza maua nje mapema katika miaka ya 1990, kandokando ya Ziwa Viktoria, walielekea zaidi kwenye mawaridi madogo na vipandikizi vya krisanthemamu. Mwenye bustani ya nyumbani asitarajie kuushinda mwinuko ambao wafanyabiashara hao waliamua kuukubali.

Hata hivyo, joto la usiku hudhoofisha tu. Kinachoua ni maji yanayotuama mizizini. Mvua za Machi hadi Mei, na zile za Agosti hadi Novemba, huujaza maji udongo mwekundu wa Jinja na udongo mzito ulio chini ya Mlima Elgon. Hapo ndipo kuvu ya fusari huingia mizizini. Majani ya upande mmja hugeuka manjano, shina hulegea, na likipasuliwa huonekana michirizi ya kahawia ndani. Wakulima wa ndizi za bogoya na kayinja wanaijua dalili hiyo, kwani mnyauko wa migomba yao huletwa na kuvu ya jamii hiyohiyo, ingawa aina inayoshambulia kaneshini haiugusi mgomba. Mmea ukishaugua hauponi. Hung'olewa na kuchomwa moto, na mahali pale pasipandwe kaneshini tena kwa miaka kadhaa.

Kwa hiyo, fedha chache zilizopo zitumike kwenye udongo kabla ya miche. Tuta liinuliwe sentimita 20 hadi 30, au mmea uwekwe katika chungu au jerikani kuukuu iliyokatwa na kutobolewa vizuri chini. Mchanga mnene na maganda ya mpunga, ambayo hupatikana kwa wingi karibu na mashamba ya Doho, Butaleja, hufanya udongo upitishe maji na hewa. Makapi ya miwa kutoka Kakira hufaa pia, lakini sharti yaozeshwe kwanza, la sivyo yataunyang'anya mmea naitrojeni. Chokaa, ambayo Tororo ina hazina yake kubwa, hupunguza uchachu wa udongo. Asiye nayo achanganye konzi ya majivu ya kuni katika kila ndoo ya udongo. Vyungu visiegemezwe kwenye ukuta wa matofali unaoelekea magharibi, kwa kuwa ukuta huo hutoa joto hadi usiku wa manane. Jua la asubuhi na kivuli chepesi cha alasiri ndivyo vinavyofaa.

Miche hupatikana kwa urahisi kutokana na machipukizi ya pembeni ya mmea wenye afya. Yakatwe yakiwa na urefu wa sentimita 10 na kuchomekwa katika mchanga safi wenye unyevu. Mizizi huota baada ya wiki tatu au nne. Wakati wa kuhamisha, shina lisifukiwe zaidi ya lilivyokuwa. Kosa hili dogo huozesha miche mingi kuliko wadudu wote. Mmea ukifikisha jozi tano au sita za majani, ncha yake hukatwa ili utoe matawi, na maua ya kwanza hutarajiwa miezi minne hadi sita baada ya kupanda. Mwezi wa Januari, hewa ikikauka, utitiri mwekundu hujificha chini ya majani. Kuyaosha kwa maji asubuhi husaidia. Kumwagilia jioni kuepukwe.

Asiyejali sana harufu anaweza kuchagua ndugu yake mdogo kutoka Uchina, ambaye huvumilia joto, huota kwa mbegu na kuchanua kwa muda wa takriban miezi mitatu. Anayetaka ua refu la harusini atazame juu zaidi. Kila mita 1,000 za kupanda mlima hupunguza joto kwa nyuzi 6 hivi, na huko Sipi na Kapchorwa usiku hukaribia ule unaopendwa na kaneshini. Maua yakikatwa huko alfajiri, matumba yakiwa yamefunguka nusu, huweza kufika Mbale siku hiyohiyo.

Katika chombo cha maji yanayobadilishwa, ua hilo hudumu wiki mbili au zaidi, mradi lisisafirishwe wala kuwekwa pamoja na ndizi zinazoiva. Gesi ya ethilini itokayo kwenye ndizi hukunja petali zake kwa siku chache tu, na ua lililokunjwa hivyo halifunguki tena.