Tulivyoona na Tulivyofanya Ingereza

Kitabu cha safari cha Martin Kayamba, kilichotoka mwaka 1932. Kayamba, mzaliwa wa Zanzibar mwaka 1891, alikuwa karani wa serikali Tanga, na hapo ndipo mwaka 1922 alipoanzisha chama cha watumishi Waafrika, Waislamu na Wakristo pamoja. Mwaka 1931 alipelekwa London pamoja na Mtemi Makwaia wa Shinyanga na Francis Lwamugira wa Bukoba, kutoa ushahidi mbele ya kamati ya Bunge kuhusu kuziunganisha Kenya, Uganda na Tanganyika. Muungano huo, ambao walowezi wa Kenya waliutamani, haukupita.

Thamani kubwa ya kitabu ni jicho la mwandishi wake. Kati ya vita viwili vya dunia Wazungu walizoea kuandika kuhusu Waafrika. Hapa karani kutoka pwani anaieleza Ulaya kwa Kiswahili, kwa wasomaji wa kwao. Lugha yake ni ya kiungwana, pengine ya heshima mno kwa watawala, lakini anayetazama ni yeye.

Shaaban Robert, mwandishi mwingine wa Tanga, anakumbukwa sana, na ni haki yake. Kayamba naye asomwe, kuanzia Chumbageni, mjini Tanga.