Wasis Diop na Muziki wa Filamu za Kiafrika

Historia ya filamu za Kiafrika aghalabu huandikwa kwa majina ya waongozaji. Mtunzi wa muziki hutajwa mwishoni, watazamaji wakiwa wameshaanza kuinuka. Kwa Wasis Diop, mzaliwa wa Dakar, kivuli hicho ni kizito zaidi, kwani kaka yake alikuwa mwongozaji mashuhuri Djibril Diop Mambéty.

Wasis alihamia Paris, na katika miaka ya 1970 akaunda bendi ya West African Cosmos pamoja na Umban Ukset. Mwaka 1991 wimbo aliotunga muziki wake, ulioimbwa na Amina, mzaliwa wa Tunisia, uliiwakilisha Ufaransa katika shindano la Eurovision. Ulipata pointi 146 sawa na ule wa Sweden, ukashindwa kwa kanuni ya kuamua sare tu. Mtu angetarajia abaki kwenye majukwaa hayo makubwa.

Mwaka uliofuata ikatoka Hyènes, filamu ya kaka yake. Mambéty alichukua tamthilia ya Mswisi Friedrich Dürrenmatt, iliyotoka kwa Kijerumani mwaka 1956, akaihamishia Colobane na kuwapa wahusika Kiwolofu. Linguère Ramatou anarudi kwao akiwa tajiri kupindukia. Anawaahidi wenyeji mali, mradi wamuue Dramaan, mwanamume aliyemtia mimba ujanani kisha akamkana. Sisi tunaofundisha tafsiri tujiulize: je, kazi kama hii huhamishwa kwa maneno peke yake? Kwa maoni yangu, hapana. Wasis angeleta okestra ya Ulaya, Colobane ingebaki mji wa Uswisi wenye jua kali. Muziki wake ndio unaotufanya tuamini kwamba kisa kilizaliwa palepale.

Baadaye alitoa albamu ya No Sant. Hilo ni swali la Kiwolofu la kumuuliza mtu jina la ukoo wake. Na kitenzi sant, wanaisimu wenzangu, humaanisha pia kusifu na kushukuru.

Mambéty alifariki mwaka 1998, lakini Wasis hakuacha filamu. Alimtungia Mahamat-Saleh Haroun wa Chad muziki wa Daratt (2006) na wa Un homme qui crie, iliyopata Tuzo ya Majaji huko Cannes mwaka 2010. Wahusika wa Haroun husema machache mno. Mtunzi mwenye pupa angekijaza kila kimya. Wasis hukiacha kimya kiseme.