Meli Iliyozama Sinemani

Mwishoni mwa filamu The African Queen, mwanamke na mwanamume wamesimama na vitanzi shingoni kwenye sitaha ya meli ya vita ya Kijerumani. Wameomba jambo moja kabla ya kunyongwa: nahodha awaozeshe. Nahodha anawaozesha upesi upesi, na papo hapo meli inalipuka. Imegonga boti yao wenyewe, ambayo ilipinduka usiku kwa tufani na ilikuwa bado inaelea kifudifudi, na mabomu waliyoyaunda kwa mikono yamechomoza puani. Meli inakwenda chini. Maharusi wanaogelea zao.

Sinemani meli ile inaitwa Louisa. Yenyewe hasa, iliyompa mwandishi wa riwaya iliyozaa filamu kisa chake, iliitwa Graf von Götzen, na watu wa mwambao wa Ziwa Tanganyika, kuanzia Kigoma hadi Kalemie na Moba, wanaijua kwa jina jingine: Liemba. Hakuna adui aliyewahi kuizamisha.

Nimeiangalia filamu hii mara nyingi, na kila mara inanipendeza na kuniudhi kwa pamoja. Inapendeza kwa sababu ni tamthilia halisi: mama wa misheni aliyelelewa kwa zaburi na fundi mashine mlevi wanafungiwa katika boti moja, na kila mmoja anamgeuza mwenzake taratibu. Inaudhi kwa sababu ya kile kilichoachwa nje. Ili kukiona lazima turudi Kalemie, kabla haijaitwa Kalemie.

Mwaka 1914 mahali pale palikuwa kituo cha Wabelgiji penye mdomo wa Mto Lukuga, mto pekee unaoyatoa maji ya ziwa kwenda Lualaba na mwishowe Atlantiki. Vita vilipoanza Ulaya, Wabelgiji walikuwa na meli moja ya maana ziwani, Alexandre Delcommune. Tarehe 22 Agosti 1914 meli ya Kijerumani Hedwig von Wissmann ilikuja ikaipiga mizinga hadi ikawa haifai. Tangu siku hiyo ziwa lote, kilomita zaidi ya 600 kutoka kaskazini hadi kusini, likawa la Wajerumani, na askari wao wakavuka watakapo na kushambulia pwani ya magharibi watakapo. Nao walikuwa wakiandaa kitu kikubwa zaidi. Graf von Götzen ilikuwa imejengwa Papenburg, Ujerumani, ikafunguliwa kipande kwa kipande, ikapakiwa katika masanduku yapatayo 5,000, ikaletwa Dar es Salaam na kupandishwa reli hadi Kigoma. Huko ikaungwa upya, ikashushwa majini Februari 1915. Urefu wake ulikuwa mita 71. Baadaye ikafungwa mzinga uliotolewa katika manowari Königsberg, iliyokwama katika delta ya Rufiji.

Mwindaji wa tembo aitwaye John Lee ndiye aliyekwenda London, Aprili 1915, kuwaambia wakubwa wa jeshi la majini la Uingereza kwamba boti ndogo zenye mwendo wa kasi zingeweza kulitwaa ziwa, mradi tu zifikishwe. Wakubwa wakakubali. Wakachagua boti mbili za injini, futi 40 kila moja, na kumpa uongozi Geoffrey Spicer-Simson, ofisa ambaye kazi yake hadi hapo ilikuwa imejaa ajali na majigambo. Kwanza alitaka kuziita Paka na Mbwa. Alipokataliwa akaziita Mimi na Toutou, milio ya paka na mbwa kwa Kifaransa cha watoto. Huyu ndiye mtu aliyekuja kutembea Lukuga akiwa amevaa sketi ya kaki na mikono yake imejaa chale za wino. Vitabu vya Kiingereza vinasema wenyeji walimpa jina Bwana Chifungatumbo. Kama ni kweli, mtu aliyelitunga alikuwa na jicho la mwongozaji wa filamu.

Boti zilipakiwa melini Juni 1915. Zikashushwa Cape Town, zikapanda treni hadi Elisabethville, yaani Lubumbashi ya leo, zikaendelea hadi reli ilipokoma Fungurume. Mbele yake kulikuwa na kilomita zipatazo 235 za msitu na milima ya Mitumba, hadi Sankisia ilipoanza reli nyingine.

Hapo ndipo filamu ilipo, kama kuna mtu angeitafuta. Njia ilifyekwa kwa shoka na mapanga. Madaraja zaidi ya 100 yalijengwa kwa miti iliyokatwa palepale, mengine yakavunjika chini ya uzito, yakajengwa tena. Matrekta mawili ya mvuke yalivuta boti. Yalipokwama yaliongezewa maksai, na pale maksai waliposhindwa watu walishika kamba. Mamia ya wanaume walifanya kazi hiyo, na simulizi za msafara zinataja wanawake waliobeba maji vichwani, kilomita baada ya kilomita, kwa sababu ilikuwa kiangazi na boila za matrekta zilikuwa na kiu kuliko watu. Majina ya maofisa wa Kiingereza tunayo karibu yote, hata ya aliyekuwa mlevi na ya aliyepaka nywele rangi. Ya wale wanawake hatuna hata moja.

Kutoka Sankisia safari ilikuwa reli fupi hadi Bukama, kisha mto Lualaba hadi Kabalo, kisha reli mpya iliyokuwa imefika ziwani mwaka huohuo. Mwishoni mwa Oktoba boti zilikuwa Lukuga. Zilifichwa hadi gati lilipokuwa tayari, zikashushwa majini siku mbili kabla ya mkesha wa Krismasi.

Vita vyenyewe vilikuwa vifupi. Tarehe 26 Desemba 1915 meli ndogo ya Kijerumani Kingani ilikuja kupeleleza, na kwa dakika 11 ikashindwa. Nahodha wake akafa, meli ikatekwa na kubatizwa Fifi. Tarehe 9 Februari 1916 ikafuata Hedwig von Wissmann, ambayo ilizamishwa. Halafu Graf von Götzen yenyewe ikatokea ikiwatafuta wenzake, na Spicer-Simson, mtu wa majigambo yote yale, akaiangalia ufukweni kwa darubini na kukataa kutoka. Wabelgiji hawakumsamehe. Mimi naona hiyo ndiyo dakika ya kufikirisha kuliko zote katika kisa hiki: mtu amevuka dunia kuja kupigana na kitu fulani, na kitu hicho kikija anageuka.

Wabelgiji walileta ndege za majini, zikarusha mabomu Kigoma katikati ya 1916. Majeshi yao yakakaribia kwa nchi kavu, na tarehe 26 Julai 1916 Wajerumani wakaichukua Graf von Götzen karibu na mdomo wa Malagarasi, wakazipaka injini zake grisi nzito na kuizamisha wenyewe, kwa uangalifu, kama mtu anayezika akiba. Waliohusika na kuizika walikuwa mafundi walewale waliokuja nayo kutoka Papenburg. Wabelgiji waliiinua, ikazama tena kwa tufani mwaka 1920. Waingereza wakaiinua mwaka 1924, wakakuta injini zinafaa, na Mei 1927 ikaanza kubeba abiria kwa jina la Liemba.

Miaka minane baadaye, mwaka 1935, C. S. Forester alichapisha riwaya yake. Aliyasogeza mambo atakavyo. Mto wake aliuita Ulanga, jina la mto wa kweli wa Tanzania ambao maji yake huenda Rufiji na Bahari ya Hindi, wala hayana habari na ziwa lolote. Lakini mwisho wa riwaya ulibaki na ukweli mmoja mchungu: wale wapenzi wawili wanashindwa. Boti yao inazama bure, wanakamatwa, na meli ya Kijerumani inazamishwa na boti mbili za injini za jeshi la Uingereza, zisizowahitaji. Mimi na Toutou zimo, ingawa kwa majina mengine. Ni mwisho wa mtu aliyekuwa amefikiri juu ya vita.

John Huston alipokuja kutengeneza filamu mwaka 1951 aliubadilisha mwisho huo. Watazamaji walikuwa wamesafiri na Humphrey Bogart na Katharine Hepburn kwa saa nzima na zaidi, nao walitakiwa walipwe. Kwa hiyo boti mbili za kutoka Lukuga zikafutwa, na mapenzi yakapewa kazi ya torpedo. Bogart alipata Oscar yake ya pekee kwa kazi hiyo, na aliistahili.

Sehemu ya picha ilipigwa Kongo, kwenye mto Ruiki karibu na Ponthierville, siku hizi Ubundu, nyingine Uganda, kwenye Ziwa Albert na maporomoko ya Murchison, na nyingine katika matangi ya studio London. Watu waliugua tumbo karibu wote, isipokuwa Huston na Bogart, ambao inasemekana hawakugusa maji bali wiski. Kuna kisa kimesimuliwa sana: mlinzi Mkongo aliambiwa aiangalie boti usiku, akaiangalia, na ilipozama akaiangalia ikizama. Kinasimuliwa ili watu wacheke. Kinachosemwa kwa sauti ndogo ni kwamba boti iliinuliwa kutoka chini ya mto kwa kamba na mikono ya watu wa hapo. Yaani kikosi cha filamu kilikuwa kimeirudia safari ya Fungurume bila kujua, na kamera zilikuwa zimezimwa.

Ndani ya filamu Waafrika wanaonekana mwanzoni, kanisani, wakishindwa kuimba tenzi, kisha kijiji chao kinachomwa na wanaume wanachukuliwa kwa nguvu. Baada ya hapo hadithi inawaacha. Hatuambiwi walipelekwa wapi.

Nao wenyewe wasingeweza kwenda kuuliza. Katika Kongo ya Wabelgiji filamu zilitengwa kwa rangi: Mwafrika hakuruhusiwa kutazama ambayo wakaguzi hawajaipitisha kwa ajili yake. Mapadri walitengeneza za kwao, za mafundisho na za kuchekesha, na Matamata na Pilipili wa Padri Van Haelst huko Kasai walipendwa sana miaka ya 1950. Kucheka kuliruhusiwa.

Mji wa Lukuga, ambao sasa uliitwa Albertville, ulirudi katika filamu kwa njia ya ajabu. Juni 1964 ulikuwa makao makuu ya jimbo la Katanga ya Kaskazini. Jason Sendwe, kiongozi wa chama cha Balubakat, mtu aliyesomea uganga wa hospitali na kuingia siasa, aliuawa humo wakati waasi walipoutwaa. Serikali ikakodi mamluki. Kikundi chao cha kwanza kiliujia mji Agosti kwa boti za injini, kupitia ziwani, kama kwamba ziwa halijui namna nyingine ya kuanza vita. Miongoni mwao alikuwa Mjerumani, Siegfried Müller, ofisa wa zamani katika jeshi la Hitler, aliyependa kuvaa nishani yake ya Msalaba wa Chuma vichakani Kongo.

Mwaka uliofuata waongozaji wawili wa Ujerumani Mashariki, Heynowski na Scheumann, walimkaribisha Müller studioni Munich, bila kumfunulia wanatoka upande gani. Wakamketisha kwenye kiti akiwa na sare na nishani, wakammiminia kileo na kumwacha aseme. Filamu iliyotoka, Der lachende Mann, Mtu Anayecheka, karibu yote ni uso wake. Anatabasamu. Anaeleza mauaji kama mtu anayeeleza safari ya uwindaji, na kadiri kileo kinavyopanda ndivyo tabasamu linavyozidi kuwa la kweli. Haina mchezaji hata mmoja, lakini sijaona tamthilia ya kutisha kuliko hiyo.

Kisha mwaka 1968 ikatoka Dark of the Sun, filamu ya mamluki katika Kongo, iliyopigwa Jamaika. Ndani yake yumo Mjerumani mkatili anayevaa swastika, na wengi wameona kivuli cha Müller hapo. Mwongozaji alikuwa Jack Cardiff. Ni yuleyule aliyekuwa mpiga picha mkuu wa The African Queen, na aliyeumwa tumbo kwenye mto Ruiki miaka 17 nyuma. Mara ya kwanza Kongo ilikuwa mandhari ya mapenzi, mara ya pili mandhari ya bunduki, na mara ya pili hata haikuhitajika kuwapo.

Aliyekuja kuigeuza kamera ni Raoul Peck, Mhaiti aliyekulia Léopoldville, ambaye mama yake alifanya kazi katika ofisi ya meya wa jiji hilo. Filamu yake Lumumba, ya mwaka 2000, juu ya waziri mkuu wa kwanza wa Kongo aliyeuawa, inaanza kwa Wabelgiji wawili wakihangaika usiku kuiharibu miili wasiyotaka ionekane tena. Nayo haikupigwa Kongo. Ilipigwa Beira, Msumbiji, na Zimbabwe, kwa kuwa Kongo ilikuwa vitani, na Kalemie tangu Agosti 1998 ilikuwa mikononi mwa waasi wa RCD. Tofauti iko mahali pengine: kwa Peck, watu waliobeba maji wana majina, wanabishana, wanakosea, na mmoja wao ndiye msaliti. Filamu ya Sendwe bado sijaiona.

Boti iliyocheza African Queen iko Key Largo, Florida, ambako watalii hulipa na kuzungushwa kidogo. Louisa iliyozama sinemani iliendelea na ratiba yake ziwani. Mwaka 1997, Mobutu alipokwisha kuanguka, shirika la wakimbizi la Umoja wa Mataifa, UNHCR, liliitumia Liemba kuwarudisha wakimbizi makwao: safari 22 kati ya Kigoma na Uvira ndani ya miezi mitano, watu zaidi ya 75,000, juu ya meli ileile iliyozikwa kama akiba mwaka 1916.