Uwindaji wa popo wa Pemba

Uwindaji wa popo wa Pemba ulikuwa, kwa miaka mingi, kumwinda popo-matunda mkubwa (Pteropus voeltzkowi) kwa ajili ya nyama yake katika kisiwa cha Pemba, Zanzibar. Popo huyu hapatikani kwingine popote duniani. Mabawa yake yakinyooshwa hufikia upana wa mita 1.6.

Mwindaji wa bata huweza kutumia filimbi kumwita ndege aliye mbali. Popo wa Pemba hana haja ya kuitwa: mchana kutwa hulala akining'inia kwenye miti mirefu, katika makundi ambayo mengine yana mamia, na kelele zake husikika kutoka mbali. Ndiyo maana bunduki ya marisau ilileta madhara makubwa. Mlio mmoja uliweza kuangusha popo kadhaa na kulitawanya kundi zima. Jike kwa kawaida huzaa mtoto mmoja tu kwa mwaka, kwa hiyo pengo halizibiki upesi. Ukataji wa misitu nao ulimnyima makao, na mwaka 1989 walionekana wachache mno.

Katika miaka ya 1990 ilianza kampeni ya hifadhi iliyowashirikisha wanavijiji. Huko Kidike wenyeji hulinda miti ya popo na kutoza watalii kiingilio. Makundi mengine yalisalimika makaburini, ambako miti haikatwi ovyo. Kufikia mwaka 2008 makadirio yalizidi popo 20,000. Popo hao hula embe na matunda mengine, wakisambaza mbegu za miti kisiwani.