Maktaba za Gemu na Mipaka Yake: Hoja kutoka Guangzhou

Ukisoma mijadala ya mashine za gemu iliyoandikwa Marekani, Ulaya au Japani utakuta swali moja likirudiwa kwa miaka zaidi ya ishirini: kati ya mashine za Nintendo, Sony na Microsoft, ipi ina gemu nzuri zaidi ambazo wapinzani wake hawana? Majedwali huchorwa, Zelda huwekwa safu hii, God of War ile, Halo safu ya tatu, kisha mnunuzi huambiwa apime mwenyewe. Swali hilo limebeba dhana ambayo haisemwi: kwamba mnunuzi huyo anaishi katika nchi ambamo kila kampuni imefungua duka lake na kuweka humo maktaba yake yote. Ninadai hapa kwamba dhana hiyo inafaa nchi chache tu. Guangzhou inaonyesha vizuri namna inavyovunjika. Mstari unaozitenga maktaba katika mji huo unapita kati ya akaunti na akaunti, na kati ya gemu yenye leseni ya serikali na isiyo nayo. Jina lililochapwa juu ya mashine linafuata nyuma.

Tuanze na marufuku. Juni 2000 wizara na idara saba za serikali ya China zilitoa agizo la kuzuia kutengeneza na kuuza mashine za gemu kwa ajili ya soko la ndani. Sababu iliyotajwa ilikuwa kulinda vijana. Uzalishaji wa kuuza nje haukuguswa, na hapo ndipo palipozaliwa kinyume ambacho mkoa wa Guangdong uliishi nacho kwa karibu miaka kumi na mitano. Mwaka 2002 kampuni ya Flextronics iliihamisha kazi ya kuunda Xbox kutoka Hungary hadi Doumen, katika mji wa Zhuhai, kusini mwa Guangzhou. Wafanyakazi wa mkoa huo waliunganisha mashine ambazo kisheria hawakuweza kuzinunua. Mashine zilisafirishwa kwenda ng'ambo. Baadhi zikarudi kupitia Hong Kong ndani ya mabegi na kuishia katika maduka ya vifaa vya umeme ya Guangzhou, zikiuzwa bila kujificha sana.

Kabla ya hapo hali ilikuwa tofauti kabisa. Mwanzoni mwa miaka ya 1990, katika mji jirani wa Zhongshan, Duan Yongping alikuwa akiendesha kiwanda cha Subor kilichounda nakala za mashine ya Famicom ya Nintendo. Nakala hizo ziliongezewa kibodi na kuuzwa kama kompyuta za kujifunzia, na Jackie Chan akazitangaza kwenye televisheni. Mzazi alinunua elimu, mtoto akapata Contra. (Duan aliondoka mwaka 1995, akaanzisha BBK huko Dongguan, na katika ukoo huo zikatoka Oppo na Vivo, simu ambazo leo zimejaa Mtaa wa Aggrey, Kariakoo.) Nintendo yenyewe iliingia rasmi mwaka 2003 kwa kupitia ubia ulioitwa iQue. Ili isigongane na agizo la mwaka 2000, mashine nzima ilifichwa ndani ya kidhibiti cha mkononi kinachochomekwa kwenye televisheni. Maktaba yake katika maisha yake yote haikuzidi gemu kumi na nne. Mtu aliyelinganisha Nintendo na Sony mjini Guangzhou mwaka ule kwa orodha rasmi angekuwa analinganisha gemu chache na sifuri, wakati madukani PlayStation 2 zilikuwepo pamoja na diski zake za kunakili.

Marufuku yalilegezwa Januari 2014 katika eneo huru la biashara la Shanghai, na mwaka 2015 nchi nzima. Xbox One ilianza kuuzwa rasmi Septemba 2014 ikiwa na gemu kumi zilizoidhinishwa. PlayStation 4 ilifuata Machi 2015. Kila gemu ilipaswa kupita mbele ya wakaguzi wa maudhui, ikiwa na mchapishaji wa China, na foleni ilikuwa ndefu. Mwaka 2018 utoaji wa leseni za gemu zote ulisimama kwa miezi kadhaa, na ukasimama tena kati ya Julai 2021 na Aprili 2022.

Mfano unaostahili kuangaliwa kwa utulivu zaidi ni Nintendo Switch, iliyoletwa na kampuni ya China ya Tencent tarehe 10 Desemba 2019. Siku ya kwanza ilikuwa na gemu moja yenye leseni: New Super Mario Bros. U Deluxe. Kwa hesabu ya majedwali, hiyo ni miongoni mwa maktaba maskini zaidi ambazo Nintendo imewahi kuzindua nazo mashine. Lakini kadi za gemu zilizonunuliwa Hong Kong au Japani zilikubali kusomwa ndani ya mashine ya Tencent. Kilichozuiwa ni mtandao: mwenye mashine hiyo aliunganishwa na duka la China peke yake, na kadi ya nje haikupata huduma za mtandaoni. Mchezaji wa Guangzhou alichagua kati ya Switch mbili, moja yenye dhamana ya dukani, kikomo cha leseni na duka dogo, nyingine ya magendo isiyo na dhamana ila yenye duka la dunia. Wenye mashine hizo mbili wote wana Nintendo. Maktaba zao za dukani hazifanani hata kidogo, na tofauti kati yao ni kubwa kuliko tofauti kati ya Switch na PlayStation mjini Osaka.

Hata maktaba ya magendo ilikuwa na mlinzi wake. Animal Crossing: New Horizons, iliyotoka Machi 2020, haikuwa na leseni China, lakini iliuzwa kwa wingi kwenye soko la mtandaoni la Taobao. Mwezi uliofuata, baada ya wanaharakati wa Hong Kong kuitumia kuonyesha mabango yao ndani ya visiwa vya kubuni, gemu hiyo iliondolewa kwenye masoko ya mtandaoni. Haikupigwa marufuku kwa tangazo lolote rasmi. Ilitoweka rafuni, basi. Jedwali la gemu za mashine moja halina safu ya kuandikia tukio la namna hiyo.

Wanauchumi wameshughulika na gemu za mashine moja kwa umakini kuliko wachambuzi wa magazeti. Jean-Charles Rochet na Jean Tirole, katika makala yao ya mwaka 2003, walieleza masoko ya pande mbili: mwenye mashine huwavuta wanunuzi ili awapate watunzi wa gemu, na huwavuta watunzi ili awapate wanunuzi. Mwaka 2013 Robin Lee alichapisha katika American Economic Review uchunguzi wa kizazi cha PlayStation 2, Xbox na GameCube kwa kutumia takwimu za Marekani. Aligundua jambo ambalo wengi hawakulitarajia: gemu za mashine moja ziliwasaidia wageni wa soko zaidi kuliko Sony iliyokuwa imeshika usukani. Xbox bila Halo ingepata taabu kujitafutia nafasi. Wanunuzi, kwa upande wao, wangenufaika kama gemu zingepatikana kote.

Hoja hiyo ni nzito na siipingi ndani ya mipaka yake. Shida yangu ni mipaka yenyewe. Mfano wa Lee unachukulia kwamba kila kaya inakabiliwa na orodha ileile, na tofauti zinatokana na mashine iliyochaguliwa. Ukiondoa sharti hilo, hesabu inabadilika: gemu ya mashine moja haiwezi kumvuta mnunuzi ambaye duka la gemu hiyo halimtambui.

Mtu atasema Guangzhou ni kesi maalumu, mji ulio chini ya marufuku na ukaguzi, na kwamba kwingineko biashara ni huru. Tuje basi kwetu. Tanzania, Kenya na Uganda hazikuwahi kupiga marufuku mashine za gemu. PlayStation zimetapakaa, kuanzia sebuleni hadi kwenye mabanda ya mtaani ambako vijana hulipia mechi za FIFA. Lakini Sony haijafungua huduma ya mtandao wa PlayStation katika nchi hizo, na mwenye mashine Dar es Salaam au Nairobi hufungua akaunti ya Afrika Kusini, Uingereza au Marekani, kisha hutafuta kadi za malipo za nchi hiyo. Kwa miaka mingi jambo hilo lilionekana usumbufu mdogo. Mei 2024 likageuka. Sony ilitaka kila mchezaji wa Helldivers 2 kwenye kompyuta aunganishe akaunti ya PlayStation. Wachezaji walipolalamika, kampuni ikaghairi, lakini gemu ilikuwa tayari imeondolewa dukani katika nchi zaidi ya 170 ambazo hazina huduma hiyo, Tanzania na Kenya zikiwemo. Hakuna chama wala wizara iliyohusika. Kampuni ilichora ramani yake, na sisi tukawa nje ya ramani.

Guangzhou na Kariakoo zinakutana pia kwa njia ya moja kwa moja. Wafanyabiashara wanaozungumza Kiswahili wanaofikia Xiaobei, mtaa wa Guangzhou, wamezoea kurudi na simu, nguo na vipuri. Siku hizi mizigo ya aina hiyo hubeba pia vijiti vidogo vya kuchomeka kwenye televisheni, vinavyotengenezwa Guangdong na kutangazwa kuwa na gemu elfu kumi. Ndani ya kadi moja ya kumbukumbu, Mario wa Nintendo, Sonic wa Sega na gemu za PlayStation ya kwanza hukaa kama abiria wa daladala moja. Ni wizi wa hakimiliki, na siutetei. Lakini kwa mtafiti ni ushahidi: watoto wengi wa Luthuli Avenue, Nairobi, wanakua bila kujua kwamba Sega na Nintendo zilikuwa maadui wakubwa, kwa sababu maktaba iliyowafikia haikuubeba uadui huo.

China yenyewe imezaa utaratibu mwingine. Kampuni ya NetEase ilianzishwa Guangzhou mwaka 1997, na kazi zake nyingi za gemu bado zinafanyika mjini humo. Ilikua katika miaka ambayo mashine za gemu hazikuruhusiwa, kwa hiyo ikajifunza kuishi kwa kompyuta na baadaye kwa simu. Gemu yake ya Marvel Rivals ilipotoka Desemba 2024 ilitoka siku moja kwenye kompyuta, PlayStation 5 na Xbox, bila malipo ya kununua. Kampuni inayopata pesa kwa kuuza mavazi ya wahusika ndani ya gemu haina sababu ya kumfungia mtu mlango. Takwimu za chama cha wachapishaji wa China zinasema soko la gemu la nchi hiyo lilifika takriban yuani bilioni 325.8 mwaka 2024, na mashine za gemu zilichukua chini ya bilioni 5. Nani atajifungia ndani ya chumba kidogo namna hiyo kwa hiari yake?

Hata hivyo tusidhani kwamba kufungiana kumeisha. WeChat, programu ya ujumbe ya Tencent inayoundwa Guangzhou tangu mwaka 2011, ilianza kubeba gemu ndogo ndani yake mwishoni mwa 2017, na gemu hizo ziko chini ya mwenye WeChat kama zilivyokuwa kanda za Famicom chini ya Nintendo. Steam, duka la mtandaoni la gemu za kompyuta, ni mfano mkali zaidi. Duka lake la kimataifa limetumiwa na Wachina kwa miaka mingi bila leseni rasmi. Februari 2021 likafunguliwa duka la Steam la China lenye leseni, likiwa na gemu zipatazo hamsini, huku lile la kimataifa likiwa na makumi ya maelfu. Jina ni moja na kompyuta ni ileile. Black Myth: Wukong ilipotoka Agosti 2024 ilisemekana ni ya PlayStation 5 dhidi ya Xbox, ambayo iliisubiri mwaka mzima, lakini kwenye Steam watu zaidi ya milioni 2.4 waliicheza kwa wakati mmoja, na ubishi wa mashine ukabaki pembeni.

Nakubali kwamba Nintendo inaitatiza hoja yangu. Mwaka 2024 Microsoft ilipeleka gemu zake kadhaa kwa wapinzani, na Oktoba 2025 ikatangaza Halo kwa PlayStation 5. Sony nayo huuza gemu zake kwenye kompyuta. Nintendo haijafanya hivyo na Mario, na kwa mnunuzi wa Tokyo au Toronto lile swali la zamani bado lina maana. Lakini angalia Nintendo hiyohiyo inavyochora mistari mipya. Switch 2 ilipotoka Juni 2025, Japani iliwekewa toleo la bei nafuu linalokubali lugha ya Kijapani na akaunti za Kijapani tu. Kufungia kwa nchi kumeingia ndani ya mashine ya kampuni inayosifiwa kwa kufungia kwa gemu.

Na Switch ya Tencent? Novemba 2024 ilitangazwa kwamba duka lake lingeacha kuuza tarehe 31 Machi 2026, na huduma za mtandao kufuata baadaye. Wenye mashine wakaahidiwa gemu nne za bure kama kifuta machozi. Baada ya hapo, mwenye mashine Guangzhou anabaki na kile kilichomo kwenye kumbukumbu ya mashine na kadi alizonunua Hong Kong au Japani, ambazo zinaendelea kufanya kazi. Atakayekusanya kadi za Switch 2 kwa matumaini hayohayo asome maandishi ya kwenye kasha kwanza: nyingi zake hazina gemu ndani, zina ruhusa tu ya kuipakua kutoka dukani.